Henny Porten: Nyota wa filamu bubu aliyekataa kumwacha mumewe

UTAWALA wa Nazi ulipoingia mamlakani nchini Ujerumani mnamo Januari 1933, haukuhitaji kutafuta mbali sura ya kuuonyesha umma kuwa kielelezo cha mwanamke wa Kijerumani. Sura hiyo ilikuwapo tayari, na kila aliyewahi kulipa kiingilio cha sinema aliifahamu. Ilikuwa ya Henny Porten, mwigizaji mwenye nywele za rangi ya dhahabu na macho ya upole, ambaye kwa zaidi ya miaka 20 alikuwa ameigiza nafasi za mama, mchumba na mke mvumilivu.

Machoni pa watawala hao kasoro yake ilikuwa moja tu. Mumewe, daktari Wilhelm von Kaufmann, alikuwa wa asili ya Kiyahudi.

Porten akawekwa njia panda, kama walivyowekwa wasanii wengine waliokuwa katika ndoa za aina hiyo. Ama amwache mume aendelee na kazi, ama abaki na mume na kazi imponyoke. Alibaki na mumewe.

Kwa mtu wa kawaida uamuzi huo ungekuwa mzito. Kwa Porten ulikuwa mzito maradufu, kwa kuwa alichokiweka rehani ni jina lililojengwa tangu sinema ya Ujerumani ikiwa changa. Hapakuwa na mwigizaji mwingine wa kike wa Kijerumani aliyepata umaarufu wa kiasi hicho kabla yake.

Alizaliwa Januari 7, 1890, katika mji wa Magdeburg. Baba yake, Franz Porten, alikuwa mwimbaji wa opera, yaani mchezo wa jukwaani ambao maneno yake huimbwa, na baadaye akawa mwelekezi. Dada yake mkubwa, Rosa, alikuwa na kipaji cha kuandika, na ndiye aliyekuja kumtungia mdogo wake kisa kilichomfungulia milango.

Mnamo mwaka wa 1906, Henny akiwa msichana wa miaka 16, familia hiyo ilianza kufanya kazi katika studio ya Oskar Messter jijini Berlin. Messter alitoka katika ukoo wa mafundi wa vyombo vya lenzi, naye alikuwa miongoni mwa Wajerumani wa kwanza kutambua kwamba picha zinazotembea zingeweza kuwa biashara ya kudumu.

La ajabu ni kwamba malkia huyu wa filamu bubu alianzia katika filamu zenye sauti. Tangu mwaka wa 1903 Messter alikuwa akionyesha picha fupi zilizoambatana na santuri. Wimbo ulirekodiwa kwanza na mwimbaji hodari. Kisha sahani hiyo ikachezwa studioni, na mbele ya kamera mwigizaji akafumbua na kufumba mdomo kwa kuufuata wimbo huo kana kwamba ni yeye aliyekuwa akiuimba. Ukumbini, mashine ya picha na santuri ziliendeshwa kwa pamoja.

Mambo yalipokwenda sawa, watazamaji walipigwa na butwaa. Yalipokwenda mrama, sauti ilitangulia picha, na mwimbaji aliyeonekana kwenye kiwambo akawa amefunga mdomo ilhali wimbo ungali unaendelea. Isitoshe, sahani moja ilibeba dakika chache tu za sauti, na sauti yenyewe ilikuwa nyembamba kwa ukumbi wenye mamia ya watu. Kufikia miaka ya 1910, filamu zilikuwa zimerefuka kuliko uwezo wa santuri, na mtindo huo ukaachwa.

Hata hivyo, kwa msichana huyo yale yalikuwa mafunzo adimu. Alijifunza kueleza furaha, hasira na huzuni kwa uso na mabega bila kutegemea sauti yake mwenyewe. Alipoondolewa santuri, hakupungukiwa na kitu.

Ni vyema kukumbuka kwamba neno "bubu" linapotosha kiasi. Kumbi za sinema za zama hizo hazikuwa kimya hata kidogo. Mpiga kinanda alikaa chini ya kiwambo, na katika majumba makubwa bendi nzima ilipiga muziki uliofuata mwendo wa kisa. Maneno machache ya lazima yaliandikwa kwenye kadi zilizopigwa picha na kupachikwa katikati ya matukio. Mtayarishaji alipotaka kuuza filamu katika nchi nyingine, aliondoa kadi hizo na kutia nyingine kwa lugha ya huko. Ndiyo sababu mwigizaji wa Berlin aliweza kupendwa na watu ambao hawakujua neno hata moja la Kijerumani.

Katika siku hizo za mwanzo majina ya waigizaji hayakuwa na thamani. Filamu iliuzwa kwa jina la kampuni, na watazamaji walimtambua mwigizaji kwa sura pekee. Hali hiyo ilibadilika kwa Porten mnamo 1911 kupitia filamu ya "Das Liebesglück der Blinden", yaani furaha ya mapenzi ya msichana kipofu, ambayo mswada wake uliandikwa na Rosa. Husimuliwa kwamba baada ya filamu hiyo watazamaji walianza kuuliza msichana yule mwenye nywele za dhahabu ni nani. Messter hakuwa mtu wa kuachia fursa ipite. Tangu hapo filamu zilianza kutangazwa na kuuzwa kwa jina la Henny Porten.

Mwaka uliofuata aliolewa na Curt Stark, mwigizaji na mwelekezi aliyesimamia filamu zake nyingi za wakati huo. Ndoa hiyo haikudumu. Stark aliitwa jeshini Vita vya Kwanza vya Dunia vilipozuka, na mnamo 1916 aliuawa vitani.

Vita hivyo vilivyomfanya mjane ndivyo pia vilivyompandisha cheo. Kabla ya 1914, kumbi za Ujerumani zilijaa filamu za Ufaransa, Italia na Denmark. Mapigano yalikata njia za biashara, na mnamo 1916 serikali ikazuia uagizaji wa filamu nyingi za kigeni. Watazamaji walibakia na za nyumbani, na nyumbani aliyetajwa mbele ya wote alikuwa Porten. Wanawake waliopoteza waume waliketi gizani wakimtazama mwanamke aliyepatwa na msiba kama wao.

Mshindani wake wa pekee alikuwa Asta Nielsen, raia wa Denmark aliyefanya kazi Berlin. Wawili hao walitofautiana kama usiku na mchana. Nielsen, mwembamba mwenye nywele nyeusi, aliigiza wanawake walioasi na kufuata matamanio yao hadi kuangamia. Wa Porten walivumilia. Walidanganywa, wakaachwa, wakabeba mimba bila waume, wakafanya kazi za sulubu, na mwishowe ama wakasamehe ama wakafa. Haiwezi kukanushwa kwamba visa vingi kati ya hivyo vilikuwa vya kuwaliza watu kwa makusudi, na baadhi ya wahakiki walimbeza kwa sababu hiyo. Lakini atazamaye leo filamu zilizosalia atagundua kwamba Porten mwenyewe mara nyingi alikuwa mtulivu kuliko visa alivyopewa.

Mnamo Desemba 1917 kampuni kubwa ya UFA iliundwa, na shughuli za Messter zikamezwa humo. Hapo ndipo Porten alipokutana na waelekezi waliojua kumtumia.

Wa kwanza alikuwa Ernst Lubitsch, mwana wa fundi wa nguo wa Kiyahudi jijini Berlin. Mwaka wa 1920 Lubitsch alimpa nafasi mbili katika filamu moja ya vichekesho, "Kohlhiesels Töchter", inayowahusu mabinti wawili wa mwenye baa mashambani. Gretel ni mrembo na anagombewa na wanaume. Liesel ni mkali, mchafu na hakuna amtakaye. Baba yao ameapa kwamba mdogo hataolewa kabla ya mkubwa. Porten aliigiza wote wawili. Aliyemzoea akilia kwa heshima alimwona sasa akigawa vibao, akivunja vyombo na kutembea kama mpagazi. Wajerumani walicheka sana, na filamu hiyo ingali inachekesha baada ya zaidi ya karne moja.

Mwaka huo huo Lubitsch alimfanya malkia katika "Anna Boleyn", kisa cha mke wa pili wa Mfalme Henry wa Nane wa Uingereza aliyekatwa kichwa kwa amri ya mumewe. Emil Jannings aliigiza mfalme. UFA ilijenga mitaa ya London ya kale katika viwanja vya studio na kukusanya maelfu ya watu wa kujaza umati, wengi wao wakiwa wasiokuwa na ajira katika Ujerumani iliyoshindwa vitani. Rais Friedrich Ebert alipozuru mahali hapo kujionea kazi, umati huo uliovishwa mavazi ya karne ya 16 ulimzomea. Filamu ilipofika Marekani mwaka wa 1921, ilisaidia kumtangaza Lubitsch huko, na mwishoni mwa 1922 mwelekezi huyo akahamia Hollywood. Porten alibaki Berlin.

Alikuwa na sababu za kubaki. Mnamo 1921 aliolewa na Dkt von Kaufmann, na mwaka huo huo akaanzisha kampuni yake mwenyewe ya filamu. Jambo hilo halikuwa la kawaida kwa mwanamke wa wakati huo, na matunda yake ya kwanza hayakuwa ya kawaida pia.

Matunda hayo yalikuwa "Hintertreppe", jina linalomaanisha ngazi ya nyuma, iliyoelekezwa na Leopold Jessner pamoja na Paul Leni kutokana na mswada wa Carl Mayer. Porten anaigiza mtumishi wa nyumbani katika jumba la matajiri. Kila jioni hukutana na mchumba wake, fundi wa mitambo, uani. Siku moja kijana huyo haji, wala barua yake haionekani. Tarishi wa posta, mwanamume mlemavu anayeishi chumba cha chini katika ua huo huo, ndiye anayezizuia barua, kwa kuwa naye anampenda msichana huyo kimyakimya. Anapoona anavyodhoofika kwa majonzi, anaandika barua ya uongo ili kumfariji.

Filamu hiyo haina karibu kadi zozote za maneno. Mtazamaji anaeleza yote mwenyewe kwa kuangalia jinsi mtumishi yule anavyopangusa vyombo siku za furaha na anavyovipangusa siku za huzuni. Saa ya kengele inalia asubuhi, mkono unainuka kuizima, na siku nyingine ya kazi inaanza. Mwishowe mchumba anarudi, tarishi anamuua kwa shoka, na msichana aliyefukuzwa kazi anapanda juu ya paa. Watu waliozoea machozi matamu ya Porten hawakuipenda sana. Hata hivyo, ndiyo filamu yake inayotajwa zaidi na wanahistoria wa sinema, na pengine ndiyo inayostahili kutazamwa kwanza na anayetaka kujua alikuwa na uwezo gani.

Tangu mwaka wa 1924 aliungana kibiashara na Carl Froelich, mwelekezi aliyekuwa mpiga picha wa Messter enzi za santuri. Kwa miaka mitano hivi walitoa filamu mfululizo, nyingi zikiwa za mama na watoto, na mapato yalikuwa mazuri.

Kisha sauti ikarudi, safari hii ikiwa imenaswa barabara. Filamu zenye mazungumzo zilizima taa za nyota wengi wa filamu bubu kati ya 1929 na 1931. Porten, mtoto wa mwimbaji, hakuwa na tatizo la kuzungumza, na filamu yake ya kwanza ya aina hiyo, "Skandal um Eva" ya mwaka wa 1930, ilipokewa vyema. Kilichomuumiza ni pesa. Mwaka uliofuata alitayarisha na kuigiza filamu ya gharama kubwa kuhusu Malkia Luise wa Prussia, katikati ya msukosuko mkubwa wa uchumi. Iliingia hasara. Hivyo basi, Wanazi walipotwaa serikali, walimkuta hana kampuni yenye nguvu ya kumkinga.

Chini ya utawala huo, hakuna aliyeruhusiwa kuigiza bila kuwa mwanachama wa chama rasmi cha filamu kilichokuwa chini ya Joseph Goebbels, waziri wa propaganda. Wayahudi walifungiwa nje. Waliooa au kuolewa na Wayahudi walihitaji ruhusa maalumu, na ruhusa hiyo ilitolewa au kunyimwa kwa hiari ya wakubwa. Porten aliyekuwa akitoa filamu kadhaa kwa mwaka akawa anapata nafasi moja moja, tena ndogo, na kati yake miaka mizima ya kusubiri. Alipotaka kuondoka nchini, alinyimwa kibali. Watawala walichelea aibu ambayo ingewapata ulimwengu ukiona mwigizaji huyo, kati ya wote, amewakimbia.

Sheria za Nuremberg za Septemba 1935 zilipiga marufuku ndoa mpya kati ya Wayahudi na wasiokuwa Wayahudi, lakini hazikuvunja zilizokuwapo. Wayahudi wa Ujerumani walipoanza kusafirishwa kwa halaiki mnamo 1941, ndoa hizo ziligeuka kuwa ngao. Kwa kawaida Myahudi mwenye mke asiyekuwa Myahudi hakupelekwa kambini maadamu ndoa ilidumu. Siku talaka ilipotiwa muhuri, ngao ilianguka. Kumwacha mume hakukuwa tena suala la kazi. Kulikuwa kumkabidhi kwa wauaji.

Wasanii wenzake walipitia mtihani huo huo kwa njia tofauti. Heinz Rühmann, mchekeshaji aliyependwa sana, alitalikiana na mkewe Myahudi mwaka wa 1938. Mwanamke huyo alifika Uswidi na kunusurika. Joachim Gottschalk, kijana aliyekuwa akivuma kwa nafasi za mapenzi, alikataa katakata kuachana na mkewe Meta. Alipoarifiwa kwamba mke huyo na mtoto wao wa kiume wa miaka minane wangechukuliwa, familia hiyo yote ilijitoa uhai Novemba 1941. Naye Jannings, aliyewahi kuwa mfalme kando ya Porten, aliupokea utawala huo kwa mikono miwili na kuigiza katika filamu zake za propaganda.

Porten hakutoa hotuba, na historia haimhesabu miongoni mwa waliopigana na utawala huo. Alichofanya ni kukataa jambo moja, mwaka baada ya mwaka.

Mabomu yalipozidi kuiangukia Berlin, serikali ilimkumbuka. Watu walikuwa wamechoka, na walitaka kuona sura waliyoizoea tangu utotoni. Froelich, ambaye kufikia wakati huo alikuwa rais wa chama kile kile cha filamu, alimpa nafasi kuu ya mama katika "Familie Buchholz", kisa cha kuchangamsha kuhusu familia moja ya Berlin katika karne ya 19. Kilitoka mwaka wa 1944 pamoja na sehemu yake ya pili.

Mnamo Februari mwaka huo huo, nyumba ya mama huyo wa taifa iliteketezwa na bomu. Yeye na mumewe walijikuta barabarani, kwa kuwa ilikuwa kosa kumpa Myahudi hifadhi.

Wote wawili walisalimika. Walakini, amani haikumrejeshea kazi aliyonyimwa. Porten alikuwa na umri wa miaka 55 vita vilipomalizika, na watayarishaji wa Ujerumani Magharibi walibisha hodi kwake kwa nadra. Aliyebisha ni studio ya serikali ya Ujerumani Mashariki, DEFA, iliyompa filamu mbili: "Carola Lamberti" ya mwaka wa 1954, alimokuwa mwenye sarakasi, na "Das Fräulein von Scuderi" ya mwaka uliofuata. Upande wa Magharibi alishutumiwa kwa kwenda kuwafanyia kazi Wakomunisti. Baadhi ya waliomnyooshea kidole walikuwa wamefanya kazi bila wasiwasi chini ya Goebbels.

Hakuigiza tena baada ya hapo. Dkt von Kaufmann alifariki mwaka wa 1959, baada ya ndoa ya miaka 38. Porten alimfuata Oktoba 15, 1960, jijini Berlin, akiwa na umri wa miaka 70. Mwaka huo huo serikali ya Ujerumani Magharibi ilikuwa imemtunuku nishani ya taifa.

Ameacha zaidi ya filamu 170, ingawa nyingi za zile za mwanzo zimepotea. Utepe wa filamu wa zama hizo ulitengenezwa kwa naitreti, kemikali inayoshika moto upesi na kuoza ikihifadhiwa vibaya, na kampuni nyingi hazikuona haja ya kutunza kitu ambacho hakingeuzwa tena.

Mojawapo ya zilizookolewa ni "Das alte Gesetz" ya mwaka wa 1923, iliyokarabatiwa na kuonyeshwa upya katika tamasha la filamu la Berlin mwaka wa 2018. Inasimulia kisa cha Baruch, mwana wa rabi kutoka kijiji cha mashariki, anayetoroka nyumbani ili awe mwigizaji jijini Vienna. Porten ni binti wa mfalme anayemsaidia kijana huyo na kisha kumpenda. Wakuu wa kasri wanamkumbusha mipaka yake, naye binti mfalme anatii. Anamwita Baruch, anaagana naye, na kijana anapokwisha kutoka, kamera inabaki kwenye uso wa Porten.

Ilikuwa mwaka wa pili wa ndoa yake na von Kaufmann.